Mijusi na Wadudu

Jua likishuka Kolwezi na taa za barazani zikiwashwa, mawindo huanza ukutani. Kwanza huja vipepeo wa usiku, wenye rangi ya vumbi. Kisha huja mbu na visubi, na wale wadudu wa mabawa magumu wanaoigonga taa kwa kishindo na kuanguka chali. Nyuma yao, pasipo kelele yo yote, hutoka katika ufa wa ukuta mnyama mdogo wa rangi ya kijivu, mwenye macho makubwa na vidole vipana. Huyo ndiye mjusi wa nyumba. Watu wa pwani, wa Unguja na Mombasa, humwita mjusi kafiri.

Watoto wengi wakimwona huokota jiwe au kiatu. Husema, “Ana sumu huyo! Akikuangukia utaugua.” Maneno hayo si ya kweli. Katika Kongo, na katika Afrika yote, hakuna mjusi wa nyumba mwenye sumu. Meno yake ni madogo mno, hata akikuuma kidole, ngozi haichubuki. Jambo moja tu lapasa kuangaliwa, nalo ni mavi yake. Ni vipande vidogo vyeusi vyenye ncha nyeupe. Ile ncha nyeupe ni mkojo wake uliokauka. Mavi hayo yaweza kuwa na vijidudu vya kuharisha. Kwa hiyo mama mwenye busara hufunika bukari na mtungi wa maji, naye humwacha mjusi aendelee na kazi yake.

Kwa nini wadudu huijia taa? Kwa muda mrefu watu walidhani kwamba wanaipenda, au kwamba wanaidhani kuwa ni mwezi. Mwaka 2024 wataalamu wa Uingereza na Marekani walieleza jambo walilolipata kwa kuwapiga wadudu picha nyingi za haraka sana. Mdudu arukaye usiku hana budi kujua wapi ni juu na wapi ni chini. Usiku, hata usipokuwa na mwezi, mbingu zina mwanga zaidi kuliko nchi. Basi mdudu huuelekeza mgongo wake penye mwanga, naye huruka sawasawa. Zamani, taa zisipokuwapo, desturi hiyo haikumdanganya. Lakini siku hizi akipita karibu na taa, mgongo wake hugeukia taa, naye huanza kuzunguka na kuzunguka asiweze kujiondoa. Mjusi hajui habari hizo. Ajua tu kwamba hapo chakula hujileta chenyewe.

Mtazame awindapo. Hakimbii ovyo. Hukaa kimya karibu na mpaka wa mwanga na giza, kichwa chake kikielekea taa. Kipepeo akitua, mjusi husogea hatua moja, akasimama. Husogea tena, akasimama. Mkia wake hutikisika kidogo, kama wa paka. Halafu, kwa mara moja, hurukia mbele, na kipepeo yumo kinywani, mabawa yake yakichezacheza pande zote mbili. Mjusi hatafuni kama mtu. Humpigapiga mdudu ukutani mpaka atulie, kisha humgeuza na kummeza, kichwa kwanza. Akimaliza hulamba midomo yake. Hulamba na macho yake pia, maana hana kope za kuyafumba. Ulimi wake ndio kitambaa chake cha kufutia vumbi.

Watu hushangaa jinsi anavyoweza kutembea juu darini, miguu juu na mgongo chini, asianguke. Hana gundi vidoleni, wala hana vitu vya kunyonya ukuta. Chini ya vidole vyake mna mistari mingi, na juu ya mistari hiyo mna vinywele vingi mno, vyembamba kuliko unywele wa mtu. Kila kinywele kimegawanyika mwishoni kuwa nyuzi ndogo zaidi. Nyuzi hizo hukaribia ukuta sana, hata ukuta na nyuzi huvutana. Mvuto wa uzi mmoja si kitu. Mvuto wa nyuzi elfu nyingi pamoja hubeba mwili mzima. Akitaka kuinua mguu, hukunja vidole kutoka ncha zake, kama mtu abanduavyo karatasi.

Chakula chake ni vipepeo wa usiku, nzi, mende wachanga, nyenje wadogo, kumbikumbi, buibui na mbu. Na hapa lazima kusema wazi, kwa sababu wengine husema, “Nyumbani mwetu mna mijusi wengi, hatuna haja ya chandarua.” Ni kosa kubwa. Ni kweli mjusi hula mbu, lakini mbu ni mdogo sana, na mjusi humpenda zaidi kipepeo mnene. Tena mbu wa malaria huuma usiku wakati watu wamelala na taa zimezimwa. Mbu kumi wakiliwa, mmoja aliyebaki atosha kuleta homa. Mjusi ni msaidizi. Chandarua ndicho ukuta.

Sasa mfikirie mjusi huyo mwezi wa Juni. Kolwezi imejengwa juu ya uwanda, meta 1,400 na zaidi juu ya bahari, na usiku wa kiangazi baridi yake ni kali. Mtu aweza kuvaa fulana mbili na kuota moto wa makala. Mjusi hawezi kujipasha moto kwa nguvu za mwili wake mwenyewe. Mwili wake huwa baridi kama ukuta ulivyo baridi, na moto kama jiwe la juani lilivyo moto. Asubuhi ya Juni hujikokota kama mzee. Tumbo lake likiwa baridi, hata chakula alichokula hakisagiki upesi. Lakini udhaifu huo una faida yake. Kwa kuwa hatumii chakula kupasha mwili moto, chakula kidogo humtosha. Ndege mwenye uzito kama wake angehitaji chakula mara kumi, au zaidi. Ndiyo maana mijusi wengi waweza kuishi katika ua mmoja, na ndiyo maana waweza kuvumilia kiangazi, wakati wadudu ni wachache.

Mjusi wa nyumba hufanya kazi usiku. Mchana mna wengine. Juu ya shina la mwembe, au juu ya mti wa miombo nje ya mji, yuko mjusi mkubwa zaidi, mwenye ngozi ya kukwaruza. Dume lake lina kichwa cha buluu kabisa, naye hukiinua na kukishusha kama mtu akubaliye maneno. Huyu mlo wake mkuu ni sisimizi. Wataalamu wa Afrika ya Kusini walichunguza chakula cha mijusi wa namna yake, wakaona sisimizi ni wengi kupita wadudu wengine wote. Hana haja ya kukimbia huku na huko. Sisimizi wana njia zao juu ya mti, wakipanda na kushuka kwa safu kama wafanyakazi waendao zamu. Mjusi hukaa kando ya njia na kuwaokota kwa ulimi wake, mmoja mmoja. Sisimizi ni wakali, tena wana asidi chungu, na ndege wengi huwakataa. Yeye huwameza tu.

Kinyonga naye ni mjusi, ingawa watu hawapendi kumwita hivyo. Katika vijiji vingi huogopwa kuliko nyoka. Mtu akimwona njiani hugeuka nyuma. Lakini kinyonga hana sumu wala uchawi. Alicho nacho ni subira. Hutembea juu ya tawi polepole, akiyumbayumba kama jani lililoguswa na upepo. Jicho lake moja hutazama mbele, na jingine hutazama nyuma, kila moja kwa shauri lake. Likimwona panzi, macho yote mawili humwelekea, ndipo apimapo umbali. Kisha kinywa hufunguka, na ulimi hutoka kama mshale. Ulimi huo ni mrefu kuliko kiwiliwili chake. Kabla hujafumba na kufumbua, panzi yumo ndani.

Je, panzi hushikwa na nini? Mwaka 2016 wataalamu wa Ubelgiji walipima ute wa ncha ya ulimi wa kinyonga. Wakaona kwamba uzito wake ni yapata mara 400 kuliko mate ya mtu. Ni mzito kama asali. Ute wa namna hiyo, ukivutwa kwa haraka, hauachi kitu.

Lakini wadudu nao hawakai tu wakingoja kuliwa. Wengine wamevaa rangi ya majani au ya gome la mti, hata mjusi awapita asiwaone. Wengine wana miiba na manyoya yawashayo. Yuko panzi mmoja mnene, mwenye rangi nyingi za kung'aa, anayekwenda polepole mashambani kana kwamba hana adui. Hana haraka kwa sababu mwili wake una harufu mbaya na ladha mbaya, maana hula majani yenye sumu. Mwenye kumwonja mara moja hamsahau. Rangi zake ni kama kibao cha hatari kwenye uzio wa umeme.

Kuna na mbinu iliyo ngeni zaidi, nayo yaonekana mbali kusini, katika nchi kavu ya Kalahari. Huko yupo mdudu mweusi mwenye madoa meupe, ambaye akisumbuliwa hurusha asidi kali machoni pa adui. Wanyama wote wamheshimu. Na huko huko yupo mjusi mdogo ambaye, akiwa mkubwa, ana rangi ya mchanga. Lakini watoto wake wana ngozi nyeusi yenye madoa meupe! Tena hawatembei kama mijusi. Huinua mgongo kama upinde na kutembea kwa miguu iliyokauka, sawa na yule mdudu. Wataalamu wawili wa Marekani, Huey na Pianka, walieleza habari hizo mwaka 1977. Mtoto wa mjusi akikua kupita kimo cha mdudu, hila haifai tena. Ndipo abadilipo rangi na kuanza kutembea kama wazazi wake. Basi hapo mjusi, adui wa wadudu, ajificha katika nguo za mdudu.

Na mara nyingine wadudu humla mjusi. Vunjajungu mkubwa huweza kumshika mjusi mchanga kwa mikono yake yenye miiba na kumtafuna taratibu, akianzia shingoni. Siafu ni wabaya zaidi. Wakipita wakati wa mvua, hawaachi kitu kisichoweza kukimbia: mayai, mijusi waliozubaa kwa baridi, hata vifaranga vya kuku vilivyofungiwa. Na mbu wengine, wasipopata damu ya mtu au ya ng'ombe, hunyonya ya mijusi.

Hivyo mjusi na mdudu wamefungwa pamoja kama ndoo na kamba. Mambo hayo yalionekana wazi kisiwani Madagaska. Mwaka 1997 na miaka iliyofuata nzige walizuka huko kwa wingi sana. Ndege za angani zilimwaga sumu juu ya nchi kubwa, na nzige wakafa. Baadaye wataalamu walikwenda kuangalia wanyama wengine. Wakakuta vichuguu vimekufa, maana sumu ile iliwaua mchwa vikali kuliko ilivyotazamiwa. Tena wakakuta mijusi wa namna mbili wamepungua sana. Wataalamu wakaona kwamba shida yao kubwa ilikuwa njaa: mchwa, waliokuwa chakula chao, hawakuwapo tena. Mtu alimpiga nzige, na jiwe likaruka mpaka kwa mjusi. Habari hiyo yafaa kukumbukwa na kila mkulima anunuaye chupa ya dawa sokoni.

Sasa turudi Katanga, kwenye vichuguu vyetu. Mgeni afikaye mara ya kwanza katika misitu ya miombo, tangu Kolwezi mpaka Likasi na Lubumbashi, hudhani kwamba vilima vile ni kazi ya watu. Vingine vinapita meta 5 kwenda juu, na chini upana wake wapata meta 15. Miti mikubwa imeota juu yake. Vimejengwa na mchwa, wadudu laini wasiofika urefu wa ukucha, kwa udongo na mate yao. Tena si kazi ya jana. Mwaka 2015 wataalamu waliochimba vichuguu karibu na Lubumbashi walieleza kwamba kimoja kilikuwa kimeanza zaidi ya miaka 2,000 iliyopita. Kabla mfua shaba wa kwanza wa mababu hajajenga tanuru lake katika nchi hiyo, mchwa walikuwa wamekwisha weka msingi.

Mvua za kwanza zikinyesha, Oktoba au Novemba, mlango wa kichuguu hufunguka, na kumbikumbi hutoka maelfu kwa maelfu. Watu wengi wa Katanga huwaita nswa. Siku hiyo ni karamu ya wote. Watoto huja na ndoo na mabeseni, kina mama hukaanga, kuku hukimbia huku na huku, na ndege hushuka kutoka juu. Mijusi nao, wakubwa kwa wadogo, hula mpaka matumbo yao yakaburuta chini. Mjusi jike ahitaji mafuta mwilini ili atengeneze mayai, na nswa wana mafuta mengi.

Lakini mgeni wa ajabu kuliko wote wa kichuguu ni kenge. Huyo ni mjusi mkubwa wa mtoni, aweza kufika meta 2 pamoja na mkia. Yuko Lualaba, na katika vijito vinavyoingia ndani yake. Akiwa mkubwa hula kaa, konokono, samaki, vyura, na hata mayai ya mamba. Huiba na mayai ya kuku, ndiyo sababu wenye mabanda hawampendi. Wakati wa mvua, udongo ukiwa umelainika, kenge jike huacha maji na kupanda nchi kavu kutafuta kichuguu chenye mchwa hai. Kichuguu kilichokufa hakimfai. Hutoboa ubavu wake kwa kucha, huingia, hutaga mayai yake, labda 20, labda 60, kisha huenda zake. Wala harudi kuyatazama.

Mchwa hawapendi tundu nyumbani mwao. Hewa kavu yawaua, na siafu waweza kuingia. Basi mara moja hukimbilia kuliziba, donge kwa donge, hata ukuta umekuwa kama zamani. Nao, pasipo kujua, wameyafungia ndani mayai ya kenge. Hakuna mwizi awezaye kuyafikia kwa urahisi. Jua la nje likiwa kali, ndani ya kichuguu joto ni lile lile. Baridi ya Juni ikija, ndani joto ni lile lile. Kiangazi kikikausha nchi yote, ndani mna unyevu. Mayai hukaa humo miezi mingi. Hakuna mama wa kuku aatamiaye vizuri kama mchwa wasioyajua mayai yale.

Siku hizi vichuguu vingi karibu na miji vinabomolewa. Udongo wake ni mzuri kwa matofali, na nyumba nyingi za Katanga zimejengwa kwa udongo huo. Miti iliyo juu yake hukatwa kwa makala. Penye machimbo ya shaba na kobalti, mashine kubwa huondoa kichuguu pamoja na msitu, kwa saa moja tu. Watu hawana budi kujenga na kupika, na Kolwezi inaishi kwa machimbo yake. Lakini kichuguu cha miaka 2,000 hakijengwi tena kwa mwaka mmoja, na kenge jike anayekuja toka mtoni na mayai tumboni hana mahali pengine pa kufaa kama pale.

Kichuguu kilichosalia, mvua ikirudi, hunywa maji na kulainika ubavuni. Ndani, mayai hupasuka. Kenge wadogo, weusi wenye mistari ya manjano, huanza kukwaruza ukuta waliojengewa na mchwa. Hutoka mmoja mmoja, na udongo mwekundu puani. Bado ni wadogo kwa kaa na samaki. Basi hushuka polepole kuelekea mtoni, wakila panzi na nyenje njiani.